Duka Alilolikomboa Mama

Bomani kwa Abukar, Zombe
16 Februari 2025

Kwa dada Kanyiva,

Leo ni Jumapili, mwaka mmoja na miezi minne tangu nitoke Tawa na begi moja na viatu vya kanisa ambavyo sijavivaa hata mara moja. Nakusalimu sana. Msalimie Mama, wasalimie watoto, na shemeji umwambie nimesikia alinunua punda na kwamba punda huyo amemkataa.

Mimi ni mzima. Kazi ni ile ile. Asubuhi tunachota maji hadi birika la kunyweshea mifugo lijae, tunawapulizia mbuzi dawa ya kupe, na siku ya soko tunapakia lori. Ukishapakia mbuzi siku nzima, hata ukilala mikono inaendelea kupakia. Tajiri wangu Abukar si mtu mbaya. Ana kelele, lakini tunakula naye sahani moja. Mke wake Hamdi ndiye mwenye neno la mwisho hapa. Alisoma Garissa akamaliza kidato cha nne, na Kiswahili chake kimenyooka kuliko changu mimi niliyeachia darasa la sita.

Mutisya, dereva wa lori letu, alipita Tawa akaona duka la Mama bado lina kufuli la Ndululu, mwenye jengo. Sasa nakuuliza bila kuzunguka: kesi imefika wapi? Tangu mwaka wa 2021 Ndululu alipopandisha kodi kwa mdomo, Mama akakataa, naye akafunga mlango na kisiagi chetu, mashini ya mahindi, kikiwa ndani, tunaambiwa kesho, kesho. Nilichimbia watu mashamba miaka miwili nikingoja hiyo kesho. Dada, mimi sikuzaliwa kupakia mbuzi. Mimi ni mtu wa kusaga unga. Ile mashini ikikohoa nilijua ni mkanda, ikilia nilijua ni nyundo za kusagia zimeisha. Ikifunguliwa, narudi nyumbani. Isipofunguliwa, nitazeekea hapa nikinuka beberu.

Tena kuna jambo lingine. Mutisya anasema alimwona Mama nyumbani Jumapili, saa ya kanisa, akipepeta ndengu. Mama akose kanisa? Ni mgonjwa na mnanificha?

Usinipigie simu. Huku bomani netiwaki haifiki, na nikipanda kilimani kuitafuta nasema "niko sawa, niko sawa" halafu inakatika. Andika. Barua umpe Ben wa bucha pale Salama. Mutisya humshushia mbuzi.

Ndugu yako,
Mulinge

*

Tawa
30 Machi 2025

Mulinge wa mama,

Barua yako ilikaa kwa Ben wiki nyingi chini ya karatasi za kufungia nyama. Nimeisoma ikinuka maini, lakini tumeshukuru. Mama anakusalimu. Mvua imeanza, tumepanda ndengu na mbaazi. Punda bado anamkataa shemeji yako. Anamkubali Mama peke yake, na shemeji yako amekasirika kama mtu aliyenyimwa kura.

Umeuliza habari ya kesi. Kaa chini usome. Redio ya Kikamba imetangaza kwamba jaji ameamuru kesi zote za kodi zilizolala zaidi ya mwaka zisikizwe na kumalizwa kwa miezi sita, na mawakili wasipewe nafasi ya kuahirisha ovyo. Mama alikuwa akikoroga uji, akaacha mwiko ndani ya sufuria.

"Wamesema kodi? Umesikia vizuri?"

Nikamwambia nimesikia.

"Hebu washa tena."

Kana kwamba redio hurudia ukiiomba.

Jumatatu nilienda kortini. Wamebandika ukutani majina ya kesi za kodi zitakazosikizwa, na watu walisongamana pale kama siku ya matokeo ya mtihani. Mwanamke mmoja mwenye duka la dawa za mifugo aliona jina lake akapiga kigelegele mpaka askari akamwambia hapa si harusini. Nilitafuta jina la Mama. Nilianzia juu, halafu nikaanzia chini. Kalondu hayuko.

Nilimwendea karani, anaitwa Kisilu, mtu mpole. Akatafuta kwa kompyuta akasema, "Mama yako ana kesi, lakini si ya kodi. Ni ya kudai ploti, kiwanja chenyewe. Hizo amri ya jaji haizigusi. Zina foleni yake, na foleni yenyewe ni ndefu."

Nikamwambia sisi hatujawahi kudai ploti ya mtu.

"Dada, ndivyo ilivyoandikwa."

Watu walionifuata wakanisukuma, nikajikuta nje. Sielewi, Mulinge. Mlango umefunguliwa baada ya miaka yote hii, wenzetu wanaingia, na sisi tumesimama hapa. Miezi sita ya jaji ikiisha bila sisi, sijui tutangoja amri gani nyingine.

Kuhusu kanisa, Mama si mgonjwa. Anakula vizuri.

Dada yako,
Kanyiva

*

Bomani, Zombe
13 Aprili 2025

Kwa dada Kanyiva,

Salamu nyingi kwenu nyote. Mimi ni mzima kabisa. Mkono wangu una shughuli nyingine, kwa hivyo leo ninasema tu na anayeandika ni Hamdi, mke wa Abukar. Idd ilipita vizuri. Tulikula pilau mpaka tukashindwa kusimama.

Dada, hiyo habari ya ploti imenichoma. Rudi kwa huyo Kisilu umwambie maneno haya haya, usibadilishe: mama yetu Kalondu alikomboa duka la Ndululu, akaweka kisiagi, akakaa humo

Dada Kanyiva, sasa ni mimi Hamdi ninayeandika kwa niaba yangu. Asalaam aleikum. Nimesimamisha barua kwa sababu kuna kitu hakiniingii akilini. Nimemuuliza ndugu yako, hilo duka lilikuwa limeshikwa na nani? Anasema halikushikwa na mtu. Basi mama alilikomboaje? Anasema, "Kwa kulipa kila mwezi." Abukar amecheka mpaka chai ikamtoka puani. Ngamia wa baba yake waliwahi kutekwa, wakawakomboa kwa mali nyingi, na hakuna aliyewalipa watekaji tena mwisho wa mwezi.

Kwetu, ukikomboa kitu maana yake kilikuwa chako, kikashikwa, ukatoa mali, kikarudi kuwa chako. Mulinge anasema huku kwenu kukomboa nyumba ni kupanga nyumba ya mtu, basi. Wallahi, nimeishi Zombe miaka sita nikisikia watu wanasema wamekomboa vyumba, nikafikiri Wakamba ni watu wa kushikwa mali zao kila siku! Nilikuwa nawaonea huruma.

Nimemuuliza pia, karatasi ya kesi ya mama yenu iliandikwa na nani, na kwa lugha gani? Sasa anataka kusema tena.

Dada, ni mimi. Iliandikwa na yule mpiga chapa wa nje ya korti, aliyekuwa akimwita Mama "bibiye". Yule alikuwa mtu wa pwani. Mama alisema kwa Kiswahili chetu, yeye akaandika kwa Kiingereza, na Mama akaweka kidole gumba. Nenda usomewe hiyo karatasi. Usingoje siku ya soko. Nenda.

Mulinge, na Hamdi ambaye bado anacheka

*

Tawa
25 Mei 2025

Mulinge,

Kwanza, "mkono una shughuli nyingine" si jibu. Mama aligeuza ile karatasi mbele na nyuma akisema, "Huyu amekufa, na sasa tunaandikiwa na watu wengine." Nimemhakikishia u hai kwa sababu maiti hawezi kuwa mbishi hivyo. Lakini useme una nini.

Pili, mwambie Hamdi Mungu ambariki yeye na ngamia wa mkwe wake.

Nilienda kortini. Kisilu alifungua faili akasoma polepole, akinitafsiria. Pale Mama aliposema alikomboa duka kwa Ndululu, mpiga chapa aliandika kwamba duka lilikuwa mali ya Mama, likashikwa na Ndululu kwa deni, Mama akalipa likarudi kwake, na sasa Ndululu amelinyakua mara ya pili! Nilishika mdomo.

"Sasa mama yako alimaanisha nini?" Kisilu akaniuliza.

"Wewe jana umelala wapi?"

"Kwangu."

"Hiyo nyumba ni yako?"

"Yangu wapi! Hii nimekom..." Akaitazama faili. Akanitazama. Yeye ni Mkamba wa Mbooni, Mulinge. Alipiga meza kwa kicheko mpaka karani mwenzake akaja kuuliza kuna nini, naye akaelezwa, naye akacheka, kwa sababu hata yeye amekomboa.

Baada ya kicheko walifanya kazi. Nilimleta Mama, akaapa upya kwa Kikamba mbele ya mkalimani wa korti. Kesi imetolewa kule kwa ploti ikarudishwa kwa kesi za kodi, na amri ya jaji sasa inatuhusu. Tutasikizwa Julai. Nilipomwambia Mama ni Julai hii, si ya mwaka mwingine, aliniuliza mara mbili.

Sasa nikuambie lile la kanisa, kwa sababu nimechoka kulibeba. Kumbe Ndululu alichukua nakala yake ya ile karatasi, wewe ukiwa umeshaondoka, akawasomea wazee wa kanisa. Akawaambia Kalondu anataka kumnyang'anya ploti ya baba yake. Ilikuwa na muhuri, nani angebisha? Akina mama wa kwaya wakamwambia Mama "apumzike kidogo". Hiyo kidogo imefika mwaka mmoja na nusu. Mama hakujua wanamwita mwizi kwa sababu gani. Alidhani Ndululu amewatungia uongo, akasema hatajitetea kwa watu waliomjua tangu akiwa msichana. Hatukukuambia kwa sababu ungemwendea Ndululu na panga. Usikatae, nakujua.

Kanyiva

*

Bomani, Zombe
15 Juni 2025

Dada Kanyiva,

Mwandiko ni wangu. Unaona ulivyo, kama kuku aliyepita kwenye matope. Tulikuwa tunapakia fahali wa kupelekwa Salama kabla ya ile Idd ya pilau, mmoja akanibana mkono kwenye mlango wa lori, vidole viwili vikavunjika. Abukar alinipeleka hospitali Kitui usiku huo huo, na tangu hapo Hamdi hajaniruhusu kushika hata kamba. Sikusema kwa sababu Mama angekuja Zombe kwa miguu. Wewe ulificha lako, mimi nikaficha langu, basi tusilaumiane.

La kanisa nimelisoma nikatoka nje nikatembea mpaka hasira ikachoka. Siendi na panga. Hata mkono wenyewe wa kulishika sina.

Sikiliza. Ndululu atakuja na wakili, na wakili atamuuliza Mama maswali ya haraka ili achanganyikiwe. Mwambie Mama asimwogope. Amjibu vile alivyokuwa akiwajibu wale waliotaka kuruka foleni ya kisiagi. Kumbuka yule polisi aliyekuja na debe lake akasema yuko kazini? Mama alimwambia hata mahindi yake yako kazini, yapange foleni. Amjibu vile vile.

Mimi silali vizuri. Nikisinzia nasikia mashini inawaka, nikiamka ni mbuzi tu.

Mulinge

*

Tawa
3 Agosti 2025

Mulinge wa mama,

Soma hii ukiwa umekaa. Umeshakaa? Tumeshinda!

Sasa nianze mwanzo. Tunawasalimu sana, sote tu wazima, ndengu tumevuna vizuri. Basi, salamu zimeisha.

Siku ya kesi Mama alivaa ile sare ya kwaya. Nikamwambia, Mama, watu watasema. Akasema, "Ndiyo maana nimeivaa." Ndululu alikuja na wakili mwenye tai nyekundu. Kabla hata hatujakaa vizuri, wakili akasimama kuomba kesi isukumwe mbele kwa sababu hajajiandaa. Hakimu ni mwanamke, si mtu wa huku. Akavua miwani.

"Wakili, umekuwa na miaka minne ya kujiandaa. Amri ya jaji unaijua. Keti, au uanze."

Mulinge, miaka yote hiyo neno "isukumwe" lilikuwa likitumaliza. Siku hiyo liliangukia miguuni pake mwenyewe, akaanza.

Akamkazia Mama macho. "Mara ya kwanza uliapa ulilikomboa duka. Sasa unasema ulipanga. Ulidanganya lini, siku ile au leo?"

"Sijadanganya. Nilikomboa."

"Mheshimiwa, amekiri!"

Hakimu akainua mkono. "Ngojeni, nisaidieni. Hapa naona kukomboa, na ukurasa mwingine naona kukoboa. Mama, ulikomboa duka au ulikoboa mahindi?"

"Yote mawili, mheshimiwa. Nilikomboa duka ndiyo nikoboe mahindi. Ningekoboa wapi, barabarani?"

Korti ilicheka yote, hata askari. Hakimu alijificha nyuma ya faili kidogo, halafu akamgeukia Ndululu.

"Mzee Ndululu, wewe ni mtu wa Tawa. Mtu wa Tawa akisema amekomboa duka lako, wewe unaelewa nini?"

Ndululu akamtazama wakili. Wakili akatazama karatasi zake.

"Naelewa ni mpangaji wangu."

"Basi mbona, kama kiapo kipya cha Kalondu kinavyosema, uliwaendea wazee wa kanisa ukawaambia anataka ploti yako?"

"Mimi nilisoma Kiingereza, mheshimiwa."

Sitasahau hilo jibu mpaka nizikwe. Mama hakucheka. Alimtazama tu, na Ndululu akawa mtu wa kwanza kuinamisha kichwa. Hakimu akamuuliza ilani ya maandishi ya kupandisha kodi iko wapi. Haikuwepo. Mama akaeleza kwamba Ndululu alipandisha kodi akiwa amesimama mlangoni na mswaki mdomoni, na kesho yake akaja na kufuli, kabla ya karatasi yoyote kuandikwa na yeyote. Kwa hivyo hata kama mpiga chapa alikosea, kufuli lilikuwa la Ndululu mwenyewe.

Hukumu ilisomwa Ijumaa ya wiki hiyo hiyo. Kodi ni ile ya zamani. Kufuli halikuwa halali. Duka lifunguliwe, Mama aachwe kwa amani, na Ndululu amlipe hasara ya kufungiwa. Na hakimu aliandika wazi kabisa kwamba Kalondu hajawahi kudai ploti ya mtu. Mama ameomba nakala mbili. Moja ameipeleka kwa wazee wa kanisa kwa mkono wake, akaiweka mezani, akaondoka bila kukaa.

Tulifungua siku ya soko. Ndululu alileta ufunguo, lakini kutu ilikuwa imekula kufuli, ufunguo ukakataa. Askari wa korti akaita fundi wa kuchomelea. Cheche ziliruka, watu wakajaa mpaka barabarani, na kufuli lilipoanguka, wale wauza nyanya ndio walioanza vigelegele. Mama aliingia peke yake kwanza. Tulimwachia. Alipotoka alikuwa na utando wa buibui kwenye kitambaa na uso umelowa, akasema, "Panya wamekula mkanda wote. Lakini gurudumu nimelizungusha kwa mkono, limegeuka."

Na unajua nani waliokuja? Wale akina mama wa kwaya, kila mmoja na mahindi kichwani, wakapanga foleni mbele ya mashini isiyo na mkanda. Walisimama tu na mahindi yao. Mama akawatazama kutoka wa kwanza hadi wa mwisho.

"Pumzikeni kidogo," akawaambia.

Halafu akawatolea viti.

Mahindi yao yapo dukani, wameyaacha. Fundi wa hapa ameichungulia mashini akaogopa kuigusa. Mama anasema isiguswe, mwenyewe yupo.

Kanyiva

*

Bomani, Zombe
17 Agosti 2025

Kwa dada Kanyiva, na kwa Mama,

Salamu kwenu. Barua yenu Mutisya aliniletea nikiwa birikani. Nilisoma nikiwa nimesimama, ulivyoniambia nikae sikusikia. Kisha nikamsomea Hamdi, na tulipofika kwa "mimi nilisoma Kiingereza" alianguka kwenye mkeka. Abukar amewasimulia wafanyabiashara wote wa soko la Zombe, na kila akisimulia kesi inaongezeka. Jana nilimsikia akisema Mama aliwashinda mawakili watatu. Sikumrekebisha.

Nimeomba ruhusa ya kuondoka. Abukar alipiga kelele, akasema nani atapakia, akasema Wakamba hawana shukrani, halafu akaniuliza mkanda wa kisiagi unauzwa wapi. Kesho kutwa tunaenda Kitui pamoja kuununua, na nyundo mpya, na chujio. Amekataa nitoe hata shilingi mfukoni. Anasema akipita Tawa na mahindi yake, nisimwambie apange foleni. Nimemwambia hilo atalizungumza na Mama.

Vidole vimepona, kimoja hakikunjiki vizuri. Kitatosha kukaza bolti.

Mwambie Mama asiruhusu mtu yeyote kuwasha mashini hata kwa kujaribu. Afute vumbi kwa kitambaa kikavu, asitie maji. Watu wa mahindi waambiwe Jumatatu ya kwanza ya Septemba, asubuhi, na wasiogope kuleta mengi.

Nimebakisha wiki moja na siku chache za kazi hapa, nimfundishe atakayenirithi. Baada ya hapo nitapanda lori la Mutisya hadi Salama, na kutoka Salama nitakuja kwa gari lolote litakalokuwa la kwanza. Nitaingia Tawa Jumamosi, tarehe 30 Agosti, kabla giza halijaingia.

Mulinge